Dr. Rajkumar, nyota wa sinema ya Kikannada: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu unakusanya maswali yanayorudi kila mara kuhusu Rajkumar wa Karnataka: maisha yake, jukwaa lililomlea, filamu, sauti, na namna ya kuanza kumtazama. Maswali yana namba ili jibu moja liweze kukuelekeza kwenye jingine.

## Mambo ya mwanzo

1. Dr. Rajkumar ni nani?

Ni mwigizaji na mwimbaji wa jimbo la Karnataka, kusini mwa India. Alizaliwa tarehe 24 Aprili 1929 na akafariki tarehe 12 Aprili 2006. Alikuwa steringi wa filamu zaidi ya 200, kuanzia *Bedara Kannappa* ya mwaka 1954 hadi *Shabdavedhi* ya mwaka 2000, na karibu zote ni za Kikannada (tazama swali la 10).

Kikannada kina wasemaji zaidi ya milioni 40, lakini sinema yake ilikulia mahali pagumu, imezungukwa na Kitamil, Kitelugu na Kihindi. Rajkumar alipoanza, filamu za Kikannada zilikuwa chache na nyingi zilipigwa kwenye studio za Madras, jimbo la jirani. Aliifanya sinema hiyo ijitegemee, na ndiyo sababu Wakannada humtaja kwa heshima wasiyompa mwigizaji mwingine yeyote.

2. Ndiye yule Raaj Kumar wa picha za Kihindi?

Hapana. Huyo wa *Mother India* na *Pakeezah* ni mtu mwingine, mwigizaji wa Bombay aliyefariki mwaka 1996. Watazamaji wa Zanzibar, Mombasa na Dar es Salaam waliokulia kwenye picha za Kihindi ndio wanaochanganya zaidi, kwa sababu filamu za Kihindi zilizowafikia zilitoka Bombay na huyo ndiye Raaj Kumar wanayemjua. Wala si Raj Kapoor, wala Rajkummar Rao wa siku hizi. Ukitafuta mtandaoni, ongeza neno "Kannada" au andika jina kwa hati yenyewe: ರಾಜ್‌ಕುಮಾರ್.

3. Jina lake halisi lilikuwa nani, na "Daktari" imetoka wapi?

Jina la kuzaliwa ni Singanalluru Puttaswamaiah Muthuraju. La kwanza ni la mahali pa asili ya ukoo, la pili ni la baba, la tatu ndilo lake, kama ilivyo desturi ya kusini mwa India. Jina Rajkumar alipewa na mwongozaji H. L. N. Simha alipomchukua kwa *Bedara Kannappa*.

Hakusomea udaktari. Mwaka 1976 Chuo Kikuu cha Mysore kilimtunukia shahada ya heshima, na tangu hapo mabango ya filamu yakaandika "Dr. Rajkumar". Watu wa kawaida humwita Annavru, kama mtu anavyomwita kaka mkubwa wa nyumba kwa adabu.

4. Kwa nini wengine husema alikuwa Mtamil?

Kwa sababu ya mpaka. Kijiji alichozaliwa, Gajanur, leo kiko wilaya ya Erode katika jimbo la Tamil Nadu, karibu kabisa na Karnataka. Mwaka 1929 eneo hilo lilikuwa chini ya utawala wa Madras, na mipaka ya majimbo kwa kufuata lugha ilichorwa baadaye, mwaka 1956. Nyumbani kwao kilisemwa Kikannada. Gajanur unarudi tena katika swali la 16, kwa sababu chungu.

## Jukwaani

5. Alianzaje kuigiza?

Kupitia baba yake. Mzee Puttaswamayya alikuwa mwigizaji wa jukwaani, mashuhuri kwa nafasi za watu wakali na wenye kiburi kama Ravana, Kamsa na Hiranyakashipu. Muthuraju aliacha shule akiwa na umri wa miaka 8 hivi na kumfuata baba kwenye kampuni ya maigizo. Alipewa kwanza vinafasi vya watoto, kisha nafasi za kusimama nyuma na kuitikia, na baada ya muda mrefu ndipo akapata maneno ya kusema. Alipita kwenye kampuni ya Gubbi Veeranna na pia ya Subbaiah Naidu. Mbele ya kamera alionekana mara chache tu kabla ya 1954, kwa mfano akiwa mmoja wa wazee saba watakatifu katika *Sri Srinivasa Kalyana* ya mwaka 1952.

Shule ya watu wengi ni darasa. Yake ilikuwa kukariri. Anayekariri michezo mirefu ya ushairi tangu utotoni hujifunza Kikannada cha kale, sarufi na mizani kwa sikio. Ndiyo maana mtu aliyeacha shule mapema alisifiwa na wasomi kwa ufasaha wa lugha.

6. Kampuni hizo za maigizo zilifanyaje kazi?

Swali hili lina uzito kuliko linavyoonekana, kwa kuwa bila jukwaa la kampuni huwezi kuelewa uigizaji wake.

Kampuni ya Gubbi ilianzishwa mwaka 1884 katika mji mdogo wa Gubbi, wilaya ya Tumkur, na ikakua sana chini ya Gubbi Veeranna. Ilihama na kila kitu: mapazia yaliyochorwa majumba na misitu, mavazi, taji, silaha za mbao, wapishi na familia za waigizaji. Ikifika mjini ilijenga ukumbi wa muda na kukaa wiki nyingi, kadiri watazamaji walivyojaa. Mchezo ulianza usiku na ungeweza kwenda hadi karibu na alfajiri. Katika mchezo wa vita vya Kurukshetra, Veeranna alipandisha farasi na tembo hai jukwaani.

Mpiga kinanda cha harmoni alikaa mbele ya jukwaa na ndiye aliyeshika usukani wa muziki. Mwigizaji aliimba mwenyewe, tena kwa miaka mingi bila kipaza sauti, akitakiwa asikike hadi kwa aliyelipa senti chache nyuma kabisa. Wimbo ukipendeza, watu walipiga kelele urudiwe, na mchezo ulisimama hata kama shujaa alikuwa anakata roho. Aliyeishiwa pumzi au kupoteza sauti katikati ya wimbo alibadilishwa.

Kwa hiyo mwigizaji wa kampuni alitoka na mambo matatu: pumzi ndefu, matamshi yasiyomeza silabi, na uwezo wa kutulia mwili wakati maneno yanafanya kazi. Yote matatu yamo katika kila filamu ya Rajkumar.

7. Je, uigizaji wa jukwaani haukumfanya aonekane amezidisha mbele ya kamera?

Katika filamu za mwanzo, ndiyo, mara kwa mara. Sauti imepandishwa kuliko inavyohitajika na mikono inamalizia kila sentensi. Kufikia miaka ya 1960 alijifunza kuchagua. Katika hadithi za miungu na wafalme aliuachia mtindo wa jukwaa wote, kwa kuwa ushairi wake unaudai. Katika hadithi za nyumbani alishusha sauti na kuacha macho yaseme. Mweke mfalme wa *Mayura* (1975) kando ya tajiri mpole wa *Kasturi Nivasa* (1971), na utaona kwamba hata mwendo wa miguu umebadilika.

## Filamu

8. *Bedara Kannappa* ilikuwa na umuhimu gani?

Ni hadithi ya mwindaji anayempenda mungu Shiva hadi kumtolea macho yake. Ilikuwa mchezo wa jukwaani kabla ya kuwa filamu, na kampuni ya Gubbi Veeranna ilihusika kuitengeneza kwa kushirikiana na studio ya AVM ya Madras. Pamoja na Rajkumar waliingia wenzake wa jukwaani: mchekeshaji Narasimharaju na G. V. Iyer, aliyekuja kuwa mwongozaji mkubwa. Mwigizaji wa kike alikuwa Pandari Bai. Filamu ilipata cheti cha sifa katika tuzo za taifa za India.

9. Ni kweli waigizaji waliwahi kutengeneza filamu kwa fedha zao?

Kweli. Mwishoni mwa miaka ya 1950 kazi ilikuwa haba na hali ya wasanii mbaya. Rajkumar, Narasimharaju, Balakrishna na G. V. Iyer wakaungana, wakazunguka na maigizo ya jukwaani kupata fedha, kisha wakatengeneza *Ranadheera Kanteerava* (1960), hadithi ya mfalme wa Mysore mwenye nguvu za ajabu. Filamu ilifanikiwa na ikawapa watayarishaji wengine moyo kwamba historia ya Karnataka, ikisemwa kwa Kikannada, hujaza majumba.

Balakrishna alikuwa hasikii vizuri, lakini alikuwa na kipaji cha kusoma midomo na kujua zamu yake imefika. Tazama matukio yake na Rajkumar ukijua hilo, utamheshimu zaidi.

10. Aliigiza filamu za lugha nyingine?

Kama steringi, moja tu: *Kalahasti Mahatyam* ya Kitelugu (1954), ambayo ni hadithi ileile ya *Bedara Kannappa*. Baada ya hapo alibaki na Kikannada maisha yake yote, wakati nyota wa kusini wakivuka lugha kufuata fedha.

11. Kwa nini *Bangarada Manushya* inatajwa kuliko zote?

Ilitoka mwaka 1972, ikaongozwa na Siddalingaiah kutoka katika riwaya ya T. K. Rama Rao. Rajeeva, kijana mwenye elimu, anarudi kijijini baada ya mume wa dada yake kufariki. Anashika jembe, anachimba kisima kwenye ardhi ya mawe, analeta mbinu mpya za kilimo na kuinua familia. Mwishowe familia ileile inamshuku, naye anaondoka bila kudai chochote.

Katika jumba moja la Bangalore, mji mkuu wa Karnataka, ilioneshwa takriban miaka miwili mfululizo. Karnataka hadi leo wanasimulia habari za vijana waliotoka kuitazama wakarudi kulima. Nguvu yake iko kwenye kazi: kamera inakaa na mawe, maji na mikono, na wimbo wa kumhimiza aliyekunja mikono na kusema "haiwezekani" umepangwa katikati ya jasho hilo. Rajkumar hasemi hotuba mwishoni. Anaondoka tu, na kimya hicho ni cha mtu aliyejua jukwaa vya kutosha kujua lini anyamaze.

12. Aliigiza ujasusi na mapigano pia?

Ndiyo. *Jedara Bale* (1968), ya waongozaji wawili Dorai na Bhagavan, ilianzisha mfululizo wa mpelelezi CID 999, ukaendelea hadi *Operation Diamond Racket* (1978). Ni filamu za kuburudisha, zimechakaa kidogo sasa. Katika *Shankar Guru* (1978) aliigiza watu watatu.

13. Parvathamma alikuwa nani katika kazi yake?

Mke wake, waliyeoana mwaka 1953, na kwa nusu ya maisha yake ya filamu ndiye mtayarishaji wake mkuu. Kuanzia *Trimurthy* (1975) aliendesha kampuni ya familia: kusoma riwaya, kununua haki, kupanga bajeti na usambazaji. Ndugu wa Rajkumar, Varadappa, alishughulikia uteuzi wa hadithi, na mwandishi Chi. Udayashankar aliandika maneno na nyimbo nyingi. Parvathamma alifariki tarehe 31 Mei 2017.

## Sauti

14. Mbona katika filamu za zamani sauti ya nyimbo si yake?

Kwa sababu ya utaratibu wa sinema ya India: mwimbaji hurekodi studioni kwanza, kisha mwigizaji hufungua mdomo mbele ya kamera akifuata rekodi. Kwa karibu miaka 20 mwimbaji wa Rajkumar alikuwa P. B. Srinivas, mwenye sauti laini ya chini iliyokaribiana sana na sauti yake ya kuzungumza. Wengi hawakutambua tofauti. Rajkumar mwenyewe aliimba vipande vichache tu.

Mabadiliko yalikuja na *Sampathige Saval* (1974). Mtunzi wa muziki G. K. Venkatesh alimpa wimbo wa mchunga mifugo akiwa juu ya nyati, Srinivas hakuwepo, na Rajkumar akaimba mwenyewe. Wimbo ulivuma, na kuanzia hapo nyimbo zake akawa anaziimba mwenyewe karibu zote. Kanuni rahisi: filamu kabla ya 1974, kisia ni Srinivas, baada yake, kisia ni Rajkumar.

Ukitaka kusikia sauti zote mbili pamoja, tafuta *Babruvahana* (1977). Rajkumar anaigiza baba na mwana, Arjuna na Babruvahana, na katika wimbo wa kurushiana maneno kabla ya pambano mmoja ameimbiwa na Srinivas na mwingine ameimba mwenyewe. Ni kama mashindano ya jukwaa la kampuni yaliyohamia kwenye filamu.

15. Tuzo ya taifa aliipata kwa uigizaji?

Hapana, na hili huwashangaza wengi. Tuzo ya taifa aliyopewa ni ya mwimbaji bora wa kiume, kwa wimbo "Naadamaya" wa filamu *Jeevana Chaitra* (1992), akiwa na miaka zaidi ya 60. Ni wimbo mgumu wa muziki wa jadi. Sikiliza pumzi anavyozigawa, kisha rudi kwenye swali la 6. Heshima nyingine kubwa ni Padma Bhushan (1983), Karnataka Ratna (1992, pamoja na mshairi Kuvempu) na Dadasaheb Phalke ya mwaka 1995, tuzo kuu ya sinema ya India.

## Kutekwa, lugha na kifo

16. Ilikuwaje akatekwa na Veerappan?

Usiku wa tarehe 30 Julai 2000 Rajkumar alikuwa nyumbani kwake Gajanur, pembeni mwa msitu. Veerappan, jangili wa ndovu na msandali aliyesakwa kwa miaka mingi, aliingia na watu wake wenye silaha akamchukua yeye, mkwe wake na wengine wawili. Aliachiwa tarehe 15 Novemba, baada ya siku 108.

Madai yalichanganya mambo: kuachiwa kwa wafungwa, maji ya mto Cauvery yanayogombaniwa na Karnataka na Tamil Nadu, na hadhi ya Kitamil ndani ya Karnataka. Ndipo ilipokuwa hatari. Mateka alikuwa alama ya Kikannada, aliyemteka alidai kusema kwa niaba ya Watamil, na Bangalore ina wakazi wengi Watamil. Serikali za majimbo mawili zilituma wajumbe msituni, na Mahakama ya Juu ya India ilizuia mpango wa kuwaachia wafungwa. Veerappan aliuawa na polisi tarehe 18 Oktoba 2004.

17. Aliwahi kugombea uongozi?

Kamwe. Katika Tamil Nadu na Andhra Pradesh, M. G. Ramachandran na N. T. Rama Rao walitoka kwenye filamu hadi uwaziri mkuu wa jimbo, kwa hiyo shinikizo kwake lilikuwa kubwa. Alikataa.

Aliingia barabarani kwa jambo moja: vuguvugu la Gokak la mwaka 1982. Kamati chini ya mwandishi V. K. Gokak ilipendekeza Kikannada kiwe lugha ya kwanza shuleni, serikali ikasitasita, waandishi wakaandamana bila kusikilizwa sana. Rajkumar alipojiunga na kuzunguka jimbo, umati ukawa mkubwa hata serikali ikalazimika kujibu. Jambo lilipokwisha alirudi studioni.

18. Kwa nini kulikuwa na ghasia alipofariki?

Alifariki ghafla nyumbani Bangalore mchana wa tarehe 12 Aprili 2006 kwa moyo kusimama. Umati ulijaa kwa saa chache, mpango wa kuaga mwili haukuwa tayari, na waliokuwa mbali waliona wananyimwa nafasi ya mwisho. Magari yakachomwa, madirisha ya ofisi yakavunjwa, polisi wakapiga risasi, na watu kadhaa wakafa, askari polisi akiwemo. Alizikwa kesho yake kwenye eneo la Kanteerava Studio, ambako kumbukumbu yake ilifunguliwa mwaka 2014. Ni tukio la kuhuzunisha, hasa kwa mtu aliyewaita mashabiki wake miungu.

19. Habari ya macho yake ni ya kweli?

Ni kweli. Mwaka 1994 alizindua benki ya macho yenye jina lake katika hospitali ya Narayana Nethralaya na kuahidi yake. Sehemu ya mbele ya jicho inatakiwa itolewe ndani ya saa 6 hivi baada ya kifo, kwa hiyo familia hupaswa kupiga simu mapema. Familia yake ilifanya hivyo licha ya fujo za siku ile. Mwanawe Puneeth alipofariki tarehe 29 Oktoba 2021 akiwa na miaka 46, macho yake yaliwasaidia watu 4, kwa kugawa tabaka za kila jicho. Maelfu walijiandikisha baada yake.

## Kuanza kutazama

20. Nianze na filamu ipi?

Anza na *Kasturi Nivasa*. Ni hadithi ya nyumbani ya mwenye kiwanda cha kiberiti anayetoa hadi kubaki mikono mitupu, na lugha yake ni ya kawaida. Fuata *Bangarada Manushya*. Kisha *Sanaadi Appanna* (1977), ambamo mlio wa shehnai, zumari ya Kihindi, ni wa Ustad Bismillah Khan mwenyewe. Baada ya hizo tatu ndipo uingie *Babruvahana* na *Kaviratna Kalidasa* (1983).

Kosa la kawaida ni kuanza na hadithi za miungu kwa sababu zina sifa kubwa. Ushairi wake ni mzito, maandishi ya tafsiri chini ya skrini hukata nusu ya maneno, na mgeni anabaki na mataji na mishale. Tenga saa mbili na nusu hadi tatu kwa kila filamu na usiruke nyimbo. Mara nyingi hadithi inasonga ndani yake.

21. *Kasturi Nivasa* ni ya rangi au nyeusi na nyeupe?

Ilipigwa nyeusi na nyeupe, kisha ikatiwa rangi na kurudishwa kwenye majumba mwaka 2014. Chagua ya asili. Taa na vivuli vilipangwa kwa nyeusi na nyeupe, na uso wa Rajkumar katika dakika za mwisho unategemea vivuli hivyo.

22. Nimepata filamu iitwayo *Raajakumara*. Ni yake?

Hapana, hiyo ni ya mwaka 2017 na steringi ni Puneeth. Wanawe watatu, Shiva Rajkumar, Raghavendra Rajkumar na Puneeth Rajkumar, wote waliigiza, hivyo jina la ukoo halitoshi kukuongoza. Angalia mwaka: filamu iliyotoka baada ya 2000 si ya baba. Kabla ya hapo soma majina ya mwanzo, na ukiona mtoto mdogo akiigiza Prahlada mbele ya Rajkumar katika *Bhakta Prahlada* (1983), huyo ndiye Puneeth, na baba yake amechukua nafasi ya Hiranyakashipu, ileile aliyokuwa akiiigiza mzee Puttaswamayya jukwaani.